Mpagazi katika Historia ya Vita: Geoffrey Hodges na Kariakor

Septemba 1914, majeshi ya Wajerumani yalifika Karungu na Kisii, katika Kavirondo Kusini iliyojumuisha Migori na Homa Bay za leo. Historia za kijeshi aghalabu huisimulia kampeni hiyo kupitia maofisa. Hodges, katika The Carrier Corps (1986), anamweka katikati mpagazi, ambaye bila mabega yake askari hakula wala hakupata risasi. Toleo la Nairobi la 1999 liliitwa Kariakor, yaani jina la kikosi kwa matamshi ya Waafrika. Badiliko hilo ni la kimtazamo: takwimu huhesabu wafu, neno huhifadhi sauti yao. Mhakiki wa fasihi simulizi hana budi kuianzia kazi yake hapo, katika masimulizi ya jamaa ambao mpagazi wao hakurudi.