Chuma Kina Mshikio, Jiwe Halina

Chuma cha mashindano kimetengenezwa ili kiinuliwe. Urefu wake ni mita mbili na ushei, uzito wake kabla ya kuvishwa sahani ni kilo 20, na pale mkono unaposhika unene wake haufiki sentimita 3. Ngozi yake imechongwa mikwaruzo midogo midogo ili kiganja kisiteleze. Uzani wa kushoto ni sawa na wa kulia. Sakafu ni tambarare, waamuzi watatu wamekaa tayari, na taa zao zitasema kama umefaulu au la. Sijui kitu kizito kinachomtakia mnyanyuaji mema kuliko hicho.

Jiwe halina habari na wewe, na gogo vilevile. Ndiyo maana naona safari ya kutoka jukwaa la vyuma hadi uwanja wa mawe na magogo ni ndefu kuliko inavyoonekana kwenye televisheni, ingawa kwa mtazamaji wote ni njemba za miraba minne. Waliofika salama tunawasifia misuli, na misuli walitoka nayo nyumbani. Sifa yao iko kwingine.

Mfano wangu ni Bill Kazmaier. Alizaliwa Desemba 1953 katika mji wa Burlington, jimbo la Wisconsin, Marekani. Alicheza futiboli ya Kimarekani katika chuo kikuu cha jimbo lake kwa miaka miwili, kisha akaachana nayo na kuzama kwenye vyuma. Mwaka 1979 akawa bingwa wa dunia wa mchezo wa mitindo mitatu: skwati (kuchuchumaa na chuma mabegani na kusimama nacho), benchi, na dedilifti (kuvuta chuma kutoka sakafuni). Katika kila mtindo mtu hupewa majaribio matatu, na kilo zake bora hujumlishwa.

Mwanzoni mwa 1981, akiwa Columbus, Georgia, jumla yake ilifika kilo 1,100, na kilo 300 kati ya hizo zilitoka benchini. Wengi hudhani benchi ni kulala chali na kusukuma. Sheria haisemi hivyo. Chuma kinashushwa hadi kifuani na pale kinatulia tuli, mpaka mwamuzi atoe amri. Katika utulivu huo kila kilichokuwa kikisaidia kinakwisha: mwendo umekatika, pumzi imefungwa ndani, nyayo zimekanyaga sakafu kwa nguvu na mabega yamekazwa nyuma dhidi ya ubao. Mtu anasubiri na kilo 300 juu ya moyo wake. Anayetaka kujua kama nguvu ina nidhamu na aitazame nukta hiyo.

Sasa mtoe bingwa huyo jukwaani umpeleke kwenye shindano la kumtafuta mtu mwenye nguvu kuliko wote duniani. Lilianza Marekani mwaka 1977 kama burudani ya televisheni, na mwaka huohuo likaonyesha meno: Franco Columbu, aliyekuwa bingwa wa kutunisha misuli, aliumia goti vibaya akikimbia na friji mgongoni. Mwili wake ulikuwa wa kuchorwa, lakini friji haikujali.

Kazmaier aliingia huko 1979 na kumaliza wa tatu. Aliyeshinda alikuwa Don Reinhoudt, Mmarekani mwenzake ambaye aliwahi kuwa bingwa wa dunia wa vyuma mara nne na alikwisha kuzoea vituko vya uwanja huo. Kwa hiyo mwaka uleule Kazmaier alikuwa wa kwanza duniani kwenye vyuma na wa tatu kwenye vitu visivyo na umbo la kushikika. Pengo baina ya nafasi hizo mbili ndilo darasa alilokuwa bado hajalimaliza.

Mahamali wa sokoni wanalijua darasa hilo bila kuandikiwa ubaoni. Gunia la mchele haliinuliwi kama gunia la mkaa. Moja linajimwaga upande, jingine linachoma ubavu, na kila moja lina mahali pake pa kukaa begani. Anayelazimisha mkao mmoja kwa mizigo yote hafiki jioni.

Litazame gogo. Mishikio yake imo ndani, kwenye matundu, na viganja vinatazamana badala ya kutazama mbele. Tumbo la gogo ni nene kiasi kwamba haliwezi kupita karibu na mwili kama chuma kinavyopita. Mnyanyuaji analivuta mpaka mapajani na kulipakata akiwa amechuchumaa. Hapo anapumua kidogo, analikumbatia, analibingirisha juu ya tumbo huku viwiko vikipanda, na kwa msukumo wa nyonga analifikisha shingoni. Inambidi aegemee nyuma na kuinua kidevu, kwani gogo limemzibia pumzi na macho. Kisha magoti yanakunjwa kidogo, miguu inasukuma, mikono inamalizia, na kichwa kinapenya mbele mara tu gogo linapopita utosini. Akichelewa, linamrudia usoni. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, lakini mtaka cha utosini naye ana adabu zake.

Kazmaier alizijifunza. Alishinda 1980, 1981 na 1982, mtu wa kwanza kulitwaa taji hilo mara tatu. Ushindi wa 1981 ulimgharimu: akiwa kwenye jaribio la kupinda vyuma kwa mikono, msuli wa kifua ulimchanika. Kifua ndicho kilichokuwa kimeinua zile kilo 300. Aliendelea na shindano, akashinda, na mwaka uliofuata akarudi na kushinda tena. Mwaka 1983 akautwaa pia ubingwa wa dunia wa vyuma kwa mara ya pili. Uwanja wa magogo haukuwa umemharibia kazi ya zamani.

Kuna jaribio moja ninalolipenda kuliko mataji yake. Thomas Inch, mwananguvu wa Uingereza mwanzoni mwa karne iliyopita, alikuwa na dambeli ya kilo 78 hivi, na aliahidi pauni 200 kwa atakayeweza kuiinua kwa mkono mmoja. Kwa watu wanaovuta kilo 380 sakafuni, kilo 78 ni mzaha. Tatizo ni mshikio: unene wake unakaribia sentimita 6, na umeungana na vichwa vyake viwili vya mviringo kuwa kipande kimoja cha chuma. Kidole gumba hakifiki kukutana na wenzake. Dambeli ikiachana na ardhi tu, inabingirika kuelekea ncha za vidole na kuvifungua kimoja kimoja. Mgongo mpana hausaidii, wala mapaja. Kila kitu kinaamuliwa na kiganja. Kazmaier aliinyanyua huko Uskoti mwaka 1990, zama zake za mataji zikiwa zimepita.

Mataji yalikuwa yamekwenda kwa wengine. Mwaka 1988 Kazmaier alirudi kwenye shindano la dunia na kuwa wa pili nyuma ya Jón Páll Sigmarsson wa Iceland. Hakuondoka uwanjani kwa hilo. Baadaye alikaa mbele ya kipaza sauti akiwaeleza watazamaji wa televisheni kazi ambayo mwili wake uliijua.

Njia aliyopita haijaota nyasi. Cheick Sanou, anayejulikana kama Iron Biby, alizaliwa Bobo-Dioulasso, Burkina Faso, akaenda kusoma Kanada, na huko akaingia kwenye vyuma kabla ya kuhamia kwenye magogo. Septemba 2021, jijini Glasgow, aliinua gogo la kilo 229 juu ya kichwa. Rekodi aliyoivunja ilikuwa ya Žydrūnas Savickas wa Lithuania, naye akiwa mtu aliyetokea kwenye vyuma, na tofauti yao ilikuwa kilo moja tu. Kilo moja hupatikana kwa kujua ni wakati gani kichwa kipenye na viwiko vipande.

Husemwa nguvu ni majaliwa, na sitabisha: hakuna mazoezi yatakayomfanya kila mtu awe na mwili wa kilo 150 kama wa Kazmaier. Lakini majaliwa hayaelezi ilikuwaje bingwa wa dunia ashike nafasi ya tatu mwaka mmoja na ya kwanza mwaka uliofuata. Kinachoeleza ni kwamba alikubali, taji likiwa bado kichwani, kuanza upya kama mwanagenzi mbele ya kamera. Mabingwa wengi hawana nguvu za kuinua mzigo huo.