Kwata ya Fimbo za Kuchungia

Kabla hajachekesha, kijana anayejifanya afande anapiga kwata sawasawa. Hapo ndipo nilipomvulia kofia, jioni ya harusi moja Chemba, alizeti ikiwa imeshavunwa.

Kombati hana. Ana suruali aliyoichomeka kwenye soksi, fimbo ya kuchungia ng'ombe begani na sauti aliyotoka nayo JKT. "Mguu pande! Mguu sawa!" Makuruta wake wanane wanaitika kwa kishindo kimoja. "Kulia geuka!" Saba wanaelekea ukuta wa tembe, mfupi wa mwisho kageukia zizi la mbuzi. Anagundua kosa, macho yanamtoka, lakini harudi: hajaamriwa. "Mbele tembea!"

Afande anakwenda kuonja pilau. Saba wanafika ukutani, amri ya kusimama hakuna, basi wanaendelea: magoti juu, mikono inakata, pua zimegusa udongo. Hacheki hata mmoja. "Afande anajua anakotupeleka," mmoja ananong'ona.

Nilimkazia macho yule mfupi. Walipoombwa kurudia, alikosea palepale, kwa mguu uleule, akichelewa nusu pumzi. Asiyejua kwata hukosea ovyo. Huyu anakosea kwa hesabu.

Utani huu una ukoo. Ngoma ya beni ilizaliwa pwani ya Kenya mwishoni mwa karne ya 19, na Vita Kuu ya Kwanza ikaisambaza bara. Wachezaji wa vyama vyake, Marini na Arinoti, walikuwa na Kingi wao, majenerali wao, sare na gwaride. Mwanahistoria Terence Ranger aliiandikia kitabu kizima mwaka 1975. Wapo walioiona ni kuiga wazungu tu. Mimi siafiki. Mei 1916 majeshi ya von Lettow-Vorbeck wa Wajerumani na van Deventer wa upande wa Waingereza yalipigana Kondoa, wilaya iliyomegwa mwaka 2012 ikazaliwa Chemba. Waliobeba mizigo ya vita ile walikuwa Waafrika, kwa amri wasizoulizwa. Mtu wa namna hiyo akijipa ujenerali ngomani, mimi nasikia kicheko.

Turudi ukutani. Bibi mwenye nyumba katoka jikoni. "Jamani, mtanibomolea nyumba! Geukeni!"

Kimya. Magoti juu, chini. "Bibi, cheo chako?" wanauliza bila kugeuza shingo.

Bibi akajifunga kanga kiunoni, akaweka mwiko begani. "Nyuma geuka!"

Wakageuka wote wanane, hata mfupi wa zizini. Wakakutana katikati ya uwanja, kifua kwa kifua, wakaendelea kutembea.