Namna Profesa Fath Alivyoupima Mto kwa Kuuogelea

Mwaka 2014 Andreas Fath, profesa wa kemia katika Chuo Kikuu cha Furtwangen nchini Ujerumani, aliuogelea mto Rhine tangu ziwa dogo la Toma, lililo juu katika milima ya Uswisi, hata Bahari ya Kaskazini upande wa Uholanzi, mwendo wa kilomita 1,231, akaumaliza kwa siku 28. Habari kama hizi aghalabu husomwa kwa ajili ya ushujaa, na ushujaa haukukosekana. Lakini kwa rai yangu kilichostahili kuchunguzwa zaidi ni mpango wa safari, kwa kuwa aliyeogelea ndiye aliyetaka maji yapimwe kemikali na chembe za plastiki zilizomo, na kazi ya mwili na ya maabara zilifungamana hata ikawa muhali kuisifu moja na kuiacha ya pili.

Mto haupimwi kwa ndoo moja. Maji yaliyo juu ya mji si yale yaliyokwisha kuupita, na atakaye kujua uchafu unaingilia wapi hana budi kuteka mahali pengi, kwa utaratibu ule ule na katika majira yale yale, asije akalinganisha mto wa masika na mto wa kiangazi. Mwendo wa muogeleaji, sehemu mpya kila siku na chupa mpya kila siku, hulitimiza sharti hilo. Mashua yenye mtambo ingalifanya vivyo hivyo kwa taabu ndogo, wala sioni haja ya kuificha hoja hiyo. Ila watu hawatoki majumbani mwao kutazama chupa ikijazwa maji, hutoka kumtazama mtu aliyechoka, na akiisha kuwa mbele yao ndipo husikiliza habari za chupa.

Kilichonivutia kuliko vyote ni kitu kidogo: utando ambao Fath aliuvaa mguuni, uliotengenezwa unyonye kemikali mfano wa ngozi ya samaki. Chupa hutoa ushahidi wa dakika moja, ilhali utando hukusanya siku baada ya siku, hata vitu vilivyo haba mno majini vikapata kuonekana katika vipimo. Na humo mna fundisho la plastiki yenyewe. Sumu nyingi zisizopatana na maji hushikamana na chembe za plastiki kwa sababu ile ile inayozifanya zishikamane na utando, kisha samaki humeza chembe pamoja na shehena yake.

Mwaka 2017 Fath alivuka bahari akaogelea mto Tennessee huko Marekani, kutoka Knoxville hata Paducah, kilomita 1,049 kwa siku 34. Rhine humsukuma muogeleaji sehemu kubwa ya njia; Tennessee umezuiliwa kwa mabwawa mfululizo, mkondo umelala, na kila kilomita sharti ilipwe kwa mikono. Matokeo yaliyotangazwa yalikuwa chembe za plastiki baina ya 16,000 na 18,000 kwa kila mita ya ujazo, zikasemwa kuwa ni mara themanini ya zile za Rhine.

Hapa nataka tahadhari. Idadi ya chembe hutegemea tundu la chujio kabla ya kutegemea uchafu wa mto: wavu wa mikromita 300, unaotumika sana katika mito, huziacha zipite chembe ndogo, nazo ndizo nyingi. Kisha hutegemea jinsi majani na mwani yalivyoteketezwa kwa dawa, na jinsi chembe zilizosalia zilivyotambuliwa kwa mwanga wa infraredi, unaobainisha polietilini na nyuzi za pamba. Mizani ya mito miwili isipokuwa moja, neno “mara themanini” hufaa kuamsha watu, lakini halifai kuhukumu mito.

Tena muogeleaji hukaa juu ya maji, na aghalabu huteka maji ya juu. Polietilini na polipropilini, ambazo ni nyepesi, huelea. PET na PVC, plastiki zilizo nzito kuliko maji, huzama. Ndiyo maana chupa ya soda ya PET iliyopasuka huenda chini, na kifuniko chake cha plastiki nyepesi hubaki kikielea penye njia ya muogeleaji. Kuijua hesabu ya chupa yenyewe kwataka matope ya sakafuni, yatekwe kwa chombo kizito kutoka mashuani, bila ya mtu yeyote kujitosa majini.