Mwiko Uliovuka Bahari

Anayejua kusonga ugali anajua kwamba siri imo kwenye mkono wa pili: si ule unaozungusha mwiko, bali ule ulioishika sufuria isizunguke nao. Hakuna kitabu kinachofundisha hilo. Unasimama kando ya mama au bibi, unatazama, unaunguza, unakemewa, mwisho mkono unaelewa.

Kisiwani Barbados wapo wanaoujua mkono huo. Chakula chao cha taifa, cou-cou na samaki, huanza kwa kuchemsha bamia. Maji yake, yenye utelezi kama mlenda, humiminwa kidogo kidogo kwenye unga wa mahindi uliolowekwa, na mwiko haupumziki. Ikiiva hutiwa kwenye bakuli lililopakwa siagi, ikapinduliwa sahanini, ikatoka duara na kung'aa. Bamia ni ya Afrika. Ilivuka Atlantiki pamoja na watu waliofungwa minyororo. Mahindi ni ya Amerika; yakaja huku hadi tukasahau kuwa ni mageni. Vikakutana chunguni, kwenye mashamba ya miwa, mikononi mwa watu walionyang'anywa kila kitu isipokuwa ujuzi.

Ndiyo maana kazi ya Ghetto Gastro inanigusa. Ni kikundi cha wapishi wa Bronx, New York, kilichoanza mwaka 2012: Jon Gray, aliyetokea kwenye mitindo ya mavazi, Lester Walker, Pierre Serrao, mwenye asili ya hiyo hiyo Barbados, na, hapo awali, Malcolm Livingston II, aliyewahi kuwa mpishi wa vitindamlo katika mgahawa wa Noma, Copenhagen. Bronx ndiko hip hop ilikozaliwa mwaka 1973. Ndiko pia liliko soko kubwa la vyakula la Hunts Point: malori yanaingia na kutoka, jiji linakula, na majirani wa soko wanabaki na moshi, huku mboga mbichi ikiwa adimu mitaani mwao. Mfinyanzi hulia gaeni.

Wapishi hawa hugeuza karamu kuwa maonyesho ya sanaa. Huweka mkate wa mahindi, chakula cha maskini wa kusini mwa Marekani, sahani moja na kaa na kaviari, na mkate hauombi radhi kwa yeyote. Kwa mwiko wamevunja mwiko.

Sifichi kwamba karamu zao za makampuni ya anasa hunitia shaka. Anayekula pale si mtoto wa Bronx. Lakini mwaka 2020, korona ilipofunga jiji, walishirikiana na shirika la Rethink Food na mgahawa wa La Morada kupeleka vyakula kwa watu wa mtaani kwao. Miaka miwili baadaye wakatoa kitabu cha mapishi, Black Power Kitchen. Shaka yangu haijaisha, ila imepungua makali. Mpishi hupimwa kwa anaowapakulia mwaka wa njaa.

Basi, msomaji, una sembe na bamia? Chemsha bamia, chuja, hifadhi maji. Loweka unga kwa maji baridi, bandika motoni, ongeza yale maji kidogo kidogo, songa, mwisho rudisha bamia. Ukipata mabonge, usilaumu unga.