Sauti ya Mkulima



Taifa changa hujulikana kwa lipi? Wengi watakujibu: kwa bendera yake, wimbo wake na majumba ya mji wake mkuu. Filamu ya Kaddu Beykat yatoa jibu jingine, na kwa hilo yastahili kuzungumzwa.

Ilitengenezwa mwaka 1975 na Safi Faye wa Senegal, miaka 15 baada ya nchi hiyo kupata uhuru. Jina lake, kwa Kiwolof, ni "sauti ya mkulima". Bibi huyu, aliyefariki mwaka 2023, alikuwa mwalimu wa shule, kisha akaenda Paris kusomea mila za watu na utengenezaji wa filamu. Alipokamata kamera aliirejesha kijijini kwa wazee wake, akaisimulia filamu nzima kama barua. Babu yake mwenyewe yumo, naye alifariki siku chache baada ya kazi kwisha.

Kisa ni kifupi. Kijana Ngor ataka kumwoa Coumba. Mvua haba, mavuno haba, mahari hakuna. Basi aenda Dakar kutafuta kibarua, huko aonja dhuluma ya waajiri, kisha arudi kwao.

Lakini uzito wa filamu umo katika baraza ya wazee chini ya mti. Hapo wanazungumza habari ya karanga. Wafaransa ndio waliowazoesha kulima zao hilo kwa ajili ya kuuza. Uhuru ukaja, na karanga zikabaki. Ardhi yachoka, bei yapangwa na wengine, na mkulima abaki na deni. Bendera imebadilika, gunia ni lile lile. Jamaa zetu wachumao karafuu Unguja na Pemba hawahitaji kufasiriwa hesabu hiyo.

Je, haina kasoro? Inayo. Mwendo wake ni wa pole mno, na aliyezoea sinema za ngumi atapiga miayo. Tena, wanawake twawaona kazini kuliko tunavyowasikia barazani, ingawa msimulizi ni mwanamke. Hata hivyo, upole ule una maana: jembe halina haraka, na mtazamaji apaswa kuuonja urefu wa siku ya mkulima.

Filamu hii ilituzwa Berlin mwaka 1976, na kwao Senegal ikapigwa marufuku. Hapa pana la kuzingatia, ndugu msomaji. Wazee wale hawakumtukana mtu. Walisema tu kwamba wamelima na hawakushiba. Mwenye kueleza njaa yake si adui wa nchi yake, na kumziba mdomo hakumjazi tumbo.

Ukiipata, itazame pamoja na watoto wako. Ikiisha, waulize: chakula tulichokula leo kimelimwa na nani, naye alilipwa nini?