Sofiko Chiaureli na Swali la "Yeye": Uigizaji Usiotegemea Kinywa

Tumezoea, katika idara zetu za fasihi, kuipima kazi ya mwigizaji kwa kinywa chake. Mwanafunzi anapopewa tamthilia aihakiki hukimbilia mazungumzo, na mhakiki anapogeukia filamu huishughulikia kana kwamba ni tamthilia iliyopigwa picha. Makala haya yanamchukua mwigizaji mmoja wa Jojia, Sofiko Chiaureli (1937–2008), ambaye kazi iliyomtangaza zaidi ulimwenguni haikumpa mazungumzo ya kuyatamka, ili kuuliza swali ambalo kwa maoni yetu halijajibiwa ipasavyo: je, mtu anayesimama kimya mbele ya kamera anaigiza, au anatumiwa tu kama pambo?

Filamu tunayoizungumzia ni Rangi ya Makomamanga, iliyoelekezwa na Sergei Parajanov, Mwarmenia mzaliwa wa Tbilisi, na kutolewa Armenia mwaka 1969. Inahusu maisha ya Sayat-Nova, malenga wa karne ya 18 aliyekuwa katika jumba la Mfalme Erekle II wa Jojia. Neno "inahusu" lisimpotoshe msomaji. Hakuna kisa kinachosimuliwa hatua kwa hatua. Kamera husimama pale pale, watu huikabili uso kwa uso, na kila onyesho huwa kama ukurasa wa msahafu wa kale uliochorwa kwa mkono. Ndani ya kurasa hizo Chiaureli ana nafasi sita, zikiwamo za mshairi katika ujana wake, mpenzi wa mshairi, mtawa na malaika.

Hoja ya wapinzani inaeleweka. Wanasema kwamba katika sanaa ya namna hii mwigizaji hana hiari. Mwelekezi ndiye aliyechagua vazi, akapanga mkono ukae wapi na shingo igeuke lini. Basi sifa zote ni zake. Hoja hii ingekuwa na nguvu kama ingethibitishwa kwamba uso wowote mwingine ungefaa. Lakini tutazame onyesho la wapenzi wawili. Msichana ameshika kitambaa cha lesi, anakiinua mbele ya uso wake, kinaficha sehemu na kufichua sehemu. Kijana naye anatazama. Hawakutani kamwe katika picha moja, wala hawawezi kukutana, kwa kuwa ni mtu mmoja. Kila mmoja wao, akitaka kumtazama mwenzake, hana budi kututazama sisi. Hapo ndipo uzito wa kazi ya Chiaureli unapoonekana. Ameuondoa usoni mwake ule uchangamfu ambao waigizaji wengi huutegemea, asitabasamu wala kukunja uso, akabakiza macho peke yake. Angezidisha kidogo tu, tungemwona mwanamke aliyevaa nguo za kiume, nasi tungecheka. Angepunguza, tungeona sanamu. Anavyokaa baina ya hayo mawili ni uamuzi wa mwigizaji, na hakuna mwelekezi anayeweza kuufanya kwa niaba yake.

Hapa pana jambo ambalo msomaji wa Kiswahili ana nafasi ya kulielewa upesi kuliko wahakiki wengi walioiandikia filamu hii kwa Kiingereza au Kirusi. Wao, kila wanapomtaja mtu aliye kwenye skrini, sarufi huwalazimisha kuchagua: ni wa kiume au wa kike? Katika Kirusi hata kitenzi cha wakati uliopita hudai jibu. Sayat-Nova alitunga kwa Kiarmenia, Kijojia na Kiazeri, na lugha zote tatu hazitofautishi jinsia katika kiwakilishi cha nafsi ya tatu, sawa na "yeye" yetu. Mpenzi anayesifiwa katika lugha kama hizo anaweza kubaki nyuma ya pazia hadi mtunzi atakapopenda kumfunua. Parajanov na Chiaureli wameiweka "yeye" hiyo mbele ya kamera. Hatudai kwamba sarufi huzaa usawa. Wafalme wa Jojia walitawala kama wafalme wengine, na sisi wenye "yeye" tunajua vyema nani hutumwa maji. Tunachodai ni kwamba kuna mashairi ya mapenzi ambayo hupoteza kitu yanapohamishwa katika lugha inayouliza swali mapema mno, na kwamba uso wa Chiaureli umekihifadhi kitu hicho.

Suala la kimya lina upande mwingine, nao haufurahishi. Sofiko alizaliwa Tbilisi katika nyumba ya sanaa. Mama yake, Veriko Anjaparidze, alikuwa miongoni mwa waigizaji wakubwa wa jukwaa la Jojia. Baba yake, Mikheil Chiaureli, alielekeza Kuanguka kwa Berlin (1949), filamu ambamo Stalin anateremka kutoka katika ndege jijini Berlin akiwa amevaa nguo nyeupe na kulakiwa na umati. Safari hiyo haikuwahi kutokea. Mwaka 1956 Khrushchev aliitaja filamu hiyo kwa dharau katika hotuba yake ya siri dhidi ya Stalin, na mwaka huo huo ndio unaohesabiwa kuwa mwanzo wa Sofiko katika filamu, kwa Ua Wetu ya Rezo Chkheidze. Hatuna haki ya kumhukumu binti kwa kazi za mzazi. Hata hivyo ni vigumu kutotambua kwamba binti wa mtu aliyeipa dola sura iliyoitaka alikuja kuwa sura ya filamu ambayo dola iliikata, ikaibadilisha jina kutoka Sayat-Nova, na kumpa Sergei Yutkevich aihariri upya kabla ya kuisambaza. Parajanov mwenyewe alikamatwa Desemba 1973 na kukaa gerezani hadi mwisho wa 1977.

Nani asemaye kwamba Chiaureli alinyamaza kwa kukosa uwezo wa kusema na amtazame katika Mti wa Matamanio wa Tengiz Abuladze (1976). Humo ni Pupala, bibi aliyechakaa pamoja na mapambo yake, uso umepakwa rangi kupita kiasi, anayewasimulia wanakijiji habari za mpenzi ambaye hawaamini kama aliwahi kuwako. Maneno yanammiminika. Wanakijiji humcheka, nasi hucheka pamoja nao, mpaka tunapoona jinsi kijiji hicho hicho kinavyomtembeza matopeni msichana Marita, akiwa juu ya punda kinyumenyume, kwa kosa la kupenda. Baada ya hapo kicheko chetu cha awali hutusuta. Kwa kiwango chetu, hii ndiyo kazi yake bora ya maneno, na tunashangaa kwamba hutajwa mara chache kuliko inavyostahili.

Katika Mahojiano Kadhaa Kuhusu Mambo ya Binafsi (1978) anaigiza mwandishi wa gazeti, naye pia anaitwa Sofiko, ambaye kazi yake ni kuwasikiliza wanawake wengine wakieleza maisha yao huku ndoa yake ikiporomoka. Mwelekezi, Lana Gogoberidze, alikuwa binti wa mwanamke aliyefungwa miaka 10 katika kambi za Stalin, na filamu inamrudisha mama wa namna hiyo nyumbani kwa bintiye. Tafakari hali ilivyokuwa: binti wa mfungwa yuko nyuma ya kamera, na binti wa mtu aliyemtukuza Stalin yuko mbele yake, akiigiza nafsi ya yule wa kwanza. Chiaureli haombi radhi wala hajitetei. Anasikiliza. Na anayeitazama filamu hiyo baada ya kuizoea Rangi ya Makomamanga atayatambua macho yale yale, yaliyotulia, yanayompa mwenzake nafasi ya kumaliza kusema.