Hadithi Inayoanzia Mlangoni mwa Ndege

Mpanda kuna kata inaitwa Uwanja wa Ndege. Mimi nimekulia Misunkumilo, kata nyingine ya manispaa hiyohiyo, na jina hilo halikuwahi kunishangaza. Ukiambiwa fulani anakaa Uwanja wa Ndege, unauliza tu ni jirani na nani. Kwetu ni jina la mahali watu wanapopika na kulala. Nimelikumbuka baada ya kutazama video kadhaa za watu wanaoruka kwa mwavuli Diani, pwani ya Kenya, ambako klabu ya Skydive Diani hupandia uwanja mdogo wa Ukunda na kuwashusha wageni kwenye mchanga wa ufukweni.

Video hizi zina kanuni zake, kama hotuba za harusi. Mgeni anaichekea kamera, ndege inapanda, mlango unafunguliwa, kelele, mwavuli unachanua, bahari ni ya buluu kupita kiasi, miguu inagusa mchanga, watu wanakumbatiana. Sina ugomvi na furaha ya mtu. Lakini kama masimulizi yana tundu, na tundu lenyewe ni Ukunda: uwanja unapitwa upesi kama kizingiti cha nyumba ya kupanga.

Ajabu ni kwamba bila viwanja vya namna hii mchezo wenyewe usingekuwapo. Klabu inahitaji ndege ipande na kushuka mara nyingi kwa siku, eneo la wazi la kutua, na anga isiyosongwa na ndege kubwa. Ndiyo maana kituo maarufu cha Orange, Massachusetts, alichokifungua Jacques-André Istel mwaka 1959 kuwarusha raia wa kawaida, kilikuwa kwenye mji mdogo wa mashambani, na mwaka 1962 mji huohuo ukapokea mashindano ya dunia. Historia ya klabu ya miavuli, ukiiandika sawasawa, ni historia ya ardhi: nani ameifyeka, nani anaishi kando yake, nani anasubiri chini.

Beryl Markham alilijua hilo, japo ninamsoma kwa tahadhari, maana Afrika yake ni ya walowezi. Kitabu chake West with the Night, cha 1942, kinaanza na safari ya usiku kutoka Nairobi kupeleka mtungi wa oksijeni Nungwe, kwenye machimbo ya dhahabu upande wetu wa Ziwa Victoria. Rubani anatafuta gizani mioto inayoonyesha kiwanja. Hapo ardhi ina uzito, asipoiona atakufa. Kwenye video za Diani ardhi ni mahali pa kumalizia tu, nami naona huo ni udhaifu wa usimulizi kabla haujawa udhaifu wa maadili.

Nakiri nami nimo. Muhula uliopita niliandika insha ya semina kuhusu uwanja wa Mpanda, nikaianzia angani: mabati yaking'aa, misitu ya miombo, reli kama uzi. Nilijisikia mwandishi. Mwalimu akaandika pembeni kwa kalamu nyekundu: "Wewe ulikuwa umekaa wapi?" Nilikuwa sijawahi kupanda ndege. Mpanda niliondoka kwa treni ya kwenda Tabora, nimebanwa kati ya gunia la mchele na mama mmoja aliyelala begani kwangu mpaka Kaliua. Huyo mama hakuwamo kwenye insha.

Kwa hiyo nilirudi kwenye zile video kwa jicho jingine. Katika ya tatu, sekunde chache kabla ya mwisho, kijana mwenye fulana iliyopauka anakimbia kutoka kulia, anaudaka mwavuli usiburutwe na upepo, anaukunja kifuani kama nguo za kuanua. Kamera inamgeukia mgeni. Nimerudisha nyuma mara nne nimwone uso. Hauonekani.